Peni Sita za Makuli wa London

Agosti 1889 makuli wa London walikuwa wakipakua meli Lady Armstrong katika gati za West India. Kazi ikienda upesi, walistahili malipo ya ziada juu ya ujira. Je, kiasi gani? Hesabu hiyo ilishikwa na mabwana wa gati, si na kuli. Ndipo ulipozuka ubishi, na tarehe 14 wakagoma, Ben Tillett akiwaongoza. Kampuni zilingoja njaa iwarudishe kazini. Njaa ilikuja kweli, lakini kutoka Australia, mbali kote kule, zikaja zaidi ya pauni 30,000. Septemba kampuni zikakubali peni sita kwa saa, na kibarua akiitwa alipwe saa nne angalau. Zamani aliweza kuitwa kwa saa moja, akarudi nyumbani na peni tano.