Mchezaji wa Sinema Aliyekuwa Waziri Mkuu

Nawaamkia ninyi nyote wa madarasa ya kisomo cha watu wazima wilayani Kondoa. Somo letu la leo ni la historia. Sikilizeni kwanza, kisha mtasoma wenyewe karatasi hii, mmoja mmoja, kwa sauti.

Picha husomwa hata na mtu asiyejua herufi. Ninyi mnaokaa karibu na Kolo mwajua hayo, maana watu wa kale waliacha picha za watu na wanyama juu ya mawe, nasi twazitambua bila mwalimu. Serikali ya Waingereza nayo iliujua uwezo huo wa picha. Kuanzia mwaka 1951 ilitengeneza sinema za Kiswahili katika Tanganyika, ikisaidiwa na kampuni moja ya Afrika Kusini.

Mchezaji mashuhuri wa sinema hizo alikuwa kijana mzaliwa wa Songea, aliyesoma Tabora. Jina lake Rashidi Mfaume Kawawa. Alikuwa mtumishi wa serikali katika kazi ya maendeleo ya jamii. Mwaka 1952 alicheza katika sinema iitwayo Muhogo Mchungu. Hadithi yake ni ya mtu wa shamba aliyefika Dar es Salaam, akadanganywa na wajanja wa mjini.

Basi, fundisho la hadithi hiyo lilikuwa nini? Kwamba mtu wa shamba na abaki kwao, mji haumfai. Fundisho hilo liliwapendeza watawala, ambao hawakutaka wenyeji wengi wahamie mijini.

Lakini Kawawa mwenyewe hakubaki alipowekwa. Mwaka 1955 vyama vya wafanyakazi wa Tanganyika vilipoungana kuwa shirikisho moja, yeye alikuwa Katibu Mkuu wake wa kwanza. Tena palikuwa na kizuizi: tangu mwaka 1953 watumishi wa serikali walikatazwa kuingia katika vyama vya siasa. Achague lipi, mshahara wa kila mwezi au TANU? Mwaka 1956 aliacha kazi ya serikali, akaingia TANU.

Tarehe 22 Januari 1962 Mwalimu Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu ili akijenge chama, na Kawawa akashika mahali pake. Huko Marekani, Ronald Reagan, naye mchezaji wa sinema, alipata urais mwaka 1981. Sisi tuliwatangulia kwa miaka 19. Kawawa alikuwa Waziri Mkuu tena tangu 1972 hadi 1977. Alifariki tarehe 31 Desemba 2009.

Maswali ya kuzungumza darasani:

1. Kwa nini ilimpasa Kawawa kuacha kazi ya serikali?
2. Ungekuwa wewe, mwenye watoto wa kulisha, ungefanyaje?
3. Unapotazama picha au kusikiliza redio, hata redio hii, wajuaje msemaji anataka uamini nini?

Kwaherini, mpaka somo lijalo.