Tawi la Mama Mmoja: Habari za Divai na Mafuta ya Aina Moja

Kila mwaka, siku za Pasaka zinapokaribia, Askofu huwakusanya mapadri wake kanisani kubariki mafuta matakatifu: mafuta ya wakatekumeni, mafuta ya wagonjwa, na Krisma. Siku hiyo divai huwekwa altareni kama siku zote. Mwaka mmoja, tulipokuwa tukitoka katika Misa hiyo hapa Lubumbashi, mtoto wa katekisimu aliniuliza: «Mwalimu, mafuta yale ni ya mti gani? Na divai ile ni ya zabibu za namna gani?»

Nilimjibu kwa ufupi, maana jua lilikuwa kali. Lakini swali lake halikuniacha. Basi leo nataka kumjibu vizuri zaidi, na ninyi wasomaji msikie pamoja naye. Maana katika habari hii mna jambo linalotuhusu sana sisi watu wa Kongo, wala si la kanisani tu: ni la shambani na la chunguni pia.

Jina juu ya chupa

Duniani kuna divai iliyokamuliwa katika zabibu za aina moja tu, na kuna divai ya kuchanganya aina mbili, tatu au zaidi. Divai nyekundu ya Bordeaux, huko Ufaransa, kwa kawaida ni ya kuchanganya: Cabernet Sauvignon, Merlot na nyingine. Divai nyekundu ya Bourgogne, katika nchi ile ile, karibu yote ni ya zabibu moja, Pinot noir. Mafuta ya zeituni ni vivyo hivyo. Waspania wana zeituni iitwayo Picual, ambayo mafuta yake ni makali kidogo na hukaa muda mrefu bila kuharibika. Wana na Arbequina, ambayo mafuta yake ni laponi na mepesi ulimini. Wagiriki wana Koroneiki. Watunisia wana Chemlali upande wa Sfax na Chetoui upande wa kaskazini.

Mtu akiandika jina la aina juu ya chupa, anatoa ahadi. Ndiyo maana serikali zimeweka sheria. Katika nchi za Umoja wa Ulaya, divai ikitajwa kwa jina la zabibu moja, sehemu 85 katika 100 angalau sharti ziwe za zabibu hiyo.

Sheria ya Kanisa, kwa upande wake, yataka divai ya Misa iwe ya asili, ya tunda la mzabibu, isiyoharibika. Haiagizi aina hii wala ile.

Muhogo na mahindi

Labda msomaji atauliza: aina moja hukaaje moja miaka mamia? Jibu analijua kila mama mwenye shamba.

Ukitaka muhogo ule ule wa jirani yako, huombi mbegu. Unaomba kipande cha mti wake, unakichomeka katika udongo, nacho kinaota muhogo ule ule, mchungu kwa mchungu, mtamu kwa mtamu. Lakini mahindi si hivyo. Ukipanda mahindi meupe karibu na ya manjano, upepo huchukua unga wa maua huku na huko, na wakati wa mavuno utakuta gunzi moja lina punje za rangi mbili.

Mzabibu ukipandwa kwa mbegu, mtoto hafanani na mama. Kwa hiyo wakulima hukata tawi na kulipanda, au hulipandikiza juu ya shina jingine. Mzeituni pia hufanywa hivyo. Mtume Paulo aliutumia mfano huo wa kupandikiza alipowaandikia Warumi. Maana yake ni kwamba kila mzabibu wa Pinot noir ulimwenguni ni tawi la tawi la tawi la mama mmoja wa zamani. Mama huyo alikwisha kufa, lakini mikono ya watu haikumwacha apotee. Kizazi kimoja kikizembea, aina imekwisha.

Watawa na wamisionari

Historia yaonyesha jinsi mikono hiyo ilivyofanya kazi. Mwaka 1098 watawa walianzisha monasteri ya Cîteaux katika nchi ya Bourgogne, na katika karne iliyofuata wakaanza kulima mizabibu mahali paitwapo Vougeot. Walilima shamba lile lile, baba kwa mwana wa kiroho, miaka mamia. Mwaka 1395 mtawala wa nchi ile, Philippe le Hardi, aliona wakulima wanaacha Pinot na kupanda Gamay, mzabibu uzaao kwa wingi zaidi. Akatoa amri ung'olewe, kwa kuwa aliuona mmea mbaya, usio mwaminifu. Gamay haukufa, upande wa kusini, katika vilima vya Beaujolais, hutoa divai inayopendwa na wengi. Lakini Bourgogne ikashika njia yake, na mpaka leo inajulikana kwa Pinot.

Waspania walipovuka bahari kwenda Amerika katika karne ya 16, walichukua mizabibu, maana bila divai hakuna Misa. Mzabibu mmoja mweusi ulienea kuliko mingine. Mwaka 1769 Wafransisko, wakiongozwa na Padri Junípero Serra, walianzisha misioni ya San Diego katika nchi ya California, na baada yake misioni nyingine nyingi. Mzabibu wao ukaitwa Mission, yaani Misioni. Nchini Chile huitwa País, nchini Argentina Criolla Chica. Watu hawakujua umetoka wapi hasa, mpaka wataalamu wa Hispania walipopima damu ya mmea huo, kama tuwezavyo kusema, mwanzoni mwa karne hii ya 21. Wakakuta ni ule ule wa Kispania uitwao Listán Prieto. Katika Hispania bara ulikuwa karibu umetoweka, lakini katika visiwa vya Kanari ulikuwa bado unalimwa. Mapadri wale wa California walileta na mizeituni pia, na aina moja ya zeituni huko huitwa Mission hata leo, nayo hukamuliwa mafuta.

Dodoma, jirani yetu

Huku kwetu Afrika ya Mashariki, mapadri wa kwanza walipata taabu kubwa. Mapadri Weupe waliotoka Bagamoyo mwaka 1878 walifika Ujiji, kando ya ziwa Tanganyika, mwezi wa Januari 1879, baada ya miezi mingi ya kutembea kwa miguu. Padri aliyekaa bara mbali hivyo, divai yake ya Misa ikimwagika njiani, hakuwa na duka la kununua nyingine.

Basi si ajabu kwamba mzabibu ulioshika mizizi Tanzania ulianzia misioni. Mwaka 1957 wamisionari Wakatoliki walipanda mizabibu Bihawana, karibu na Dodoma. Nchi ile ni kavu. Mvua yake ni chache, jua lake ni kali. Wengi wangesema si nchi ya kitu. Lakini mzabibu hauchukii ukavu. Kwa kuwa Dodoma hakuna baridi ya kuulaza kama Ulaya, mkulima aupogoa mara mbili kwa mwaka na kuvuna mara mbili. Aina iliyoenea zaidi kwa divai huitwa Makutupora Nyekundu, kwa jina la mahali palipo na kituo cha utafiti wa zabibu karibu na mji. Nyingine, kama Chenin blanc na Syrah, zimeletwa pia. Leo Wagogo wenye eka moja au mbili huuza zabibu kwa viwanda, na kilichoanza kwa ajili ya altare kimekuwa karo ya watoto wa shule.

Ngazi zetu

Sasa turudi Kongo. Hapa Lubumbashi tuko juu, mita 1200 hivi, na kiangazi chetu ni kirefu na cha baridi. Mchikichi haupendi hali hiyo. Lakini nani kati yetu anakula sombe bila mawese? Mafuta mekundu yanayouzwa sokoni hutoka pande za joto za kaskazini. Nayo yana historia ambayo watoto wetu wangepaswa kuijua kama wanavyojua majina ya mito.

Mchikichi una namna tatu. Ya kwanza ni dura: kokwa lake lina ganda nene, na nyama yenye mafuta si nyingi. Ya pili ni pisifera: haina ganda, lakini mara nyingi mikungu yake huoza kabla ya kuiva. Ya tatu ni tenera: ganda jembamba, nyama nyingi, na mafuta yake huzidi ya dura kwa sehemu 30 hivi katika 100. Kila mtu alitaka tenera. Lakini waliopanda mbegu za tenera walivuna mchanganyiko, wasijue kwa nini.

Mwaka 1933 serikali ya Wabelgiji ilianzisha shirika la utafiti wa kilimo, INEAC, na kituo chake kikubwa kikawa Yangambi, kando ya mto Kongo. Huko ndiko fumbo lilikofumbuliwa. Mwaka 1941 wataalamu Beirnaert na Vanderweyen walitangaza kwamba tenera si aina inayosimama peke yake. Ni mtoto wa wazazi wawili: dura na pisifera. Ukiwaoza hao wawili, watoto wote ni tenera. Lakini ukioza tenera kwa tenera, katika miti minne utapata, kwa wastani, dura mmoja, tenera wawili, na pisifera mmoja.

Tusifiche kwamba ngazi zilileta machozi pia. Mwaka 1911 kampuni ya Lever ilipewa maeneo makubwa ya michikichi, na watu wengi wakalazimishwa kukata mikungu kwa malipo haba. Mwaka 1931 Wapende wa Kwango waliasi, na mamia wakauawa. Elimu ya Yangambi ilizaliwa katika nchi yenye majeraha hayo.

Elimu hiyo ilikwenda wapi? Ilivuka bahari. Huko Asia walikuwa na dura nzuri, wazao wa miche minne iliyopandwa mwaka 1848 katika bustani ya Bogor, kisiwani Java, nayo asili yake ilikuwa Afrika. Wakawaozesha hao na pisifera kutoka Afrika, nyingine za Yangambi. Leo Indonesia na Malaysia hutoa zaidi ya sehemu 80 katika 100 za mawese yote ya dunia. Nayo Kongo, iliyokuwa zamani mojawapo ya nchi za kwanza katika kuuza mawese nje, sasa hununua mawese kutoka ng'ambo. Mwenye kisima anachota maji kwa jirani.

Mbegu yenye ganda nene

Tuseme kuna mkulima karibu na Kalemie. Anaona kwa jirani mti mzuri wa tenera. Anaokota ngazi zake, anazipanda, anapalilia, anangoja miaka mitatu au minne. Mwishowe miti mingi inamdanganya: hii ina maganda manene, ile inaozesha mikungu. Hakuwa mvivu. Hakuna aliyemwambia tu kwamba ngazi si muhogo.

Kwa hiyo, ndugu msomaji mwenye jamaa kijijini, mwandikie neno hili. Mbegu ya kweli ya tenera hutoka mahali ambapo ua la dura limefunikwa kwa mfuko, wadudu wasiingie, kisha likapakwa unga wa pisifera kwa mkono wa mtu. Na kwa kuwa mama ni dura, mbegu hiyo ina ganda nene. Mtu akikuletea kokwa zenye ganda jembamba, akisema ni mbegu bora za tenera, fungua macho: huenda ni za kuokotwa chini ya mti. Kituo cha Yangambi bado kipo, sasa chini ya INERA. Kikitunzwa, wakulima watapata mbegu. Kikiachwa porini, tutaendelea kununua mali yetu wenyewe.

Sasa nimjibu yule mtoto. Zamani Kanisa liliagiza mafuta ya zeituni tu kwa Sakramenti. Mwaka 1970 taratibu mpya ya kubariki mafuta iliruhusu, panapohitajika, mafuta ya mimea mingine, na mwaka 1972 Papa Paulo VI alilithibitisha jambo hilo kwa mafuta ya wagonjwa, kwa kuwa nchi nyingine hazipati zeituni kwa urahisi. Basi, mwanangu, mafuta ya kumpaka mgonjwa yaweza kutoka katika mzeituni wa Sfax, na yaweza kutoka katika mchikichi wa Kongo. Divai yaweza kutoka Hispania, na yaweza kutoka Dodoma. Yote ni kazi ya Mungu, lakini hakuna hata moja linalofika altareni bila mtu aliyeshika kisu cha kupogolea, au aliyefunga mfuko juu ya ua, miaka mingi kabla wewe hujazaliwa. Ukiwa mkubwa, nawe shika tawi lako, usiliache likauke.