Kiti na Karatasi: Nyumba za Machifu wa Nyeri katika Historia na Fasihi

1.0 Utangulizi

Uhakiki wa fasihi iliyozaliwa katika nchi ya Mlima Kenya umezoea kumpa chifu wa kikoloni sura moja tu, nayo ni sura ya msaliti. Chifu hutokea, huwauza watu wake, huuawa au huaibishwa, kisha hadithi huendelea bila yeye. Usomaji huo una ukweli wake, lakini una upungufu mkubwa wa kihistoria. Humtazama chifu kama mtu mwenye tabia mbaya, wala haumtazami kama nyumba, yaani ardhi, mali, watoto waliosomeshwa na karatasi zilizosalia baada yake. Makala haya yanadai kwamba kiti cha chifu wa Nyeri kilikuwa dhaifu mno, kwa kuwa kilitolewa kwa karatasi na kingeweza kuondolewa kwa karatasi. Nyumba yake haikuwa dhaifu kiasi hicho, kwa sababu hatimaye ilijikita katika karatasi ya aina nyingine, nayo ni hatimiliki ya ardhi.

Ili hoja hii ibainike, nyumba za machifu wa Nyeri zinalinganishwa hapa na nyumba za watawala wa dola ndogondogo za Ujerumani. Ulinganishi huu haukuokotwa mbali. Edward wa Saba, mfalme ambaye Waingereza waliitwaa Nyeri kwa jina lake mwaka 1902, alikuwa wa ukoo wa Saxe-Coburg na Gotha. Baba yake, Albert, alizaliwa katika ukoo uliotawala dola mojawapo ya dola hizo. Jina la ukoo lilibadilishwa kuwa Windsor mwaka 1917, Uingereza ilipokuwa vitani na Ujerumani. Usiku wa kuamkia tarehe 6 Februari 1952, Elizabeth, kitukuu cha Edward, alirithi kiti hicho akiwa katika hoteli ya Treetops, katika msitu wa Aberdare karibu na Nyeri, naye akapashwa habari za kifo cha baba yake katika nyumba ya Sagana. Hivyo basi, tawi la ukoo wa dola ndogo ya Kijerumani lilipata malkia wake katika ardhi ya Nyeri, miezi minane tu kabla ya hali ya hatari kutangazwa.

2.0 Dola Ndogo na Mali Kubwa

Kabla ya mwaka 1803 nchi za Wajerumani ziligawanyika katika dola zipatazo mia tatu. Baadhi zilikuwa pana. Nyingine hazikuzidi mji mmoja na mashamba yake. Kati ya 1803 na 1806, kwa shinikizo la Napoleon, dola nyingi zilimezwa na jirani zao. Mwaka 1815 zilibaki 39, na milki ya Ujerumani ilipoundwa mwaka 1871 ilikuwa na dola wanachama 25. Novemba 1918 viti vyote vya kifalme nchini humo vilianguka katika muda wa wiki chache.

Kuna mambo mawili ya kuzingatiwa hapa. Kwanza, uhalali wa nyumba hizi ulikuwa nasaba iliyoandikwa. Kuanzia mwaka 1763 mji wa Gotha ulichapisha Almanach de Gotha, kitabu kilichoorodhesha koo za kifalme na za kitukufu za Ulaya. Aliyekuwemo kitabuni alitambuliwa na wenziwe hata kama dola yake ilikuwa imekwisha kumezwa. Pili, kupoteza utawala hakukuwa sawa na kupoteza mali. Watawala walionyang'anywa dola zao mwaka 1806 walibaki na mashamba, misitu na heshima zao. Katiba ya mwaka 1919 ilifuta upendeleo wa kitukufu na kuyafanya majina ya vyeo kuwa sehemu tu ya jina la mtu. Mwaka 1926 wananchi waliulizwa kwa kura ya maoni iwapo mali ya watawala wa zamani itwaliwe bila fidia. Zaidi ya watu milioni 14 walikubali, lakini idadi hiyo haikufikia nusu ya wapiga kura wote walioandikishwa, kiwango kilichotakiwa, na pendekezo likashindwa. Kiti kilikuwa kimeondoka, lakini msitu ulibaki mikononi mwa mwenyewe.

Fasihi ya Kijerumani ililitambua jambo hili mapema. Katika tamthilia ya Kabale und Liebe (1784), Schiller hakutosheka kumchora mtawala mwovu. Alionyesha vito vya hawara wa mtawala vikilipiwa kwa fedha za vijana waliouzwa wakapigane Marekani. Mtawala mwenyewe haonekani jukwaani hata mara moja; kinachoonekana ni hesabu ya nyumba yake.

3.0 Nchi Iliyomkataa Mfalme

Afrika Mashariki nayo ilikuwa na nyumba za nasaba. Wanabahani wa Pate, ambao tawi lao lilihamia Witu katika karne ya 19 chini ya Ahmed aliyeitwa Simba, waliachiwa tarehe inayotaja watawala wao mmoja baada ya mwingine. Witu iliwekwa chini ya ulinzi wa Ujerumani mwaka 1885, ikakabidhiwa Uingereza kwa mkataba wa mwaka 1890, uleule ulioipa Ujerumani kisiwa cha Heligoland. Watu wa Witu hawakuulizwa. Hata hivyo, mtawala wa Witu aliingia katika mapatano hayo akiwa na nasaba ambayo mwambao mzima uliijua.

Nyeri haikuwa na kitu cha namna hiyo. Waagikuyu waliongozwa na mabaraza ya wazee na kwa mpango wa rika, na madaraka yalipokezanwa baina ya vizazi kwa sherehe iliyoitwa ituika. Jomo Kenyatta, katika Facing Mount Kenya (1938), anasimulia mapokeo yasemayo kwamba hapo kale nchi hiyo ilikuwa na mfalme dhalimu, kwamba watu walimwondoa, na kwamba jina la ituika linatokana na tendo la kujitenga na utawala wake. Iwe mapokeo hayo ni historia au ni hekaya, maana yake kifasihi ni nzito. Hekaya nyingi za koo za kifalme hueleza mfalme alivyokuja; hii inaeleza alivyoondoka. Hata kule Meru, ambako Mugwe alitoka katika ukoo maalumu, nguvu yake ilikuwa ya baraka zaidi kuliko ya amri.

Lugha yenyewe inathibitisha hali hiyo. Neno muthamaki katika Kigikuyu lilimtaja mtu aliyesikilizwa barazani, msemaji wa rika au wa wazee, mwenye busara na ufasaha. Hakuwa na askari wala kodi, na mwanawe hakurithi masikio ya watu. Wamisionari walipotafsiri Biblia walilitumia neno hilo kwa maana ya mfalme, na ufalme wa Mungu ukawa uthamaki wa Ngai. Kwa njia hiyo msemaji alivishwa taji katika msamiati, wakati uleule serikali ilipokuwa ikimvisha mamlaka ofisini.

4.0 Mfalme wa Kitabu na Machifu wa Cheti

Kabla ya serikali kufanya hivyo, mtu mmoja alijaribu njia fupi zaidi. John Boyes, mfanyabiashara Mwingereza, aliingia Ugikuyu mwaka 1898 na kufanya makao katika nchi ya Karuri wa Gakure, eneo la Murang'a ya leo. Alinunua vyakula, akaingilia vita vya wenyeji na kupeperusha bendera ya Uingereza bila idhini. Maofisa wa Kiingereza walimkamata na kumpeleka Mombasa, na baadaye akaachiliwa. Mwaka 1911 alichapisha London kitabu alichojiita ndani yake mfalme wa Wakikuyu. Ufalme wake haukuwa na mipaka wala mrithi. Uliishi katika jalada la kitabu.

Serikali ilifuata njia hiyohiyo kwa utaratibu zaidi. Baada ya msafara wa kijeshi, kituo cha Nyeri kilianzishwa Desemba 1902. Mwaka huohuo sheria ya wakuu wa vijiji iliweka msingi wa kuteua viongozi, na sheria ya mwaka 1912 ikawaongezea uwezo wa kuamuru na kuadhibu. Walioteuliwa walikuwa wa namna mbalimbali. Baadhi, kama watu wa nyumba ya Wang'ombe wa Ihura, mkuu wa vita aliyesifika Nyeri kabla ya ukoloni, walikuwa na sifa yao wenyewe. Wengine walikuwa wakalimani, wapagazi au marafiki wa maofisa. Wote walifanana katika jambo moja: mamlaka yao yalitoka kwa ofisa wa wilaya, aliyewalipa mshahara na aliyeweza kuwaachisha kazi.

Hapa ndipo tofauti na Ujerumani inapojitokeza. Mtawala wa dola ndogo ya Kijerumani alirithi kiti kwa damu na kuhofia majeshi ya jirani. Chifu wa Nyeri alipewa kiti kwa barua na kuhofia barua nyingine. Kwa kuwa hakuweza kumrithisha mwanawe cheo kwa hakika, alitafuta kumrithisha kitu kingine. Chifu alisimamia kodi, vibarua na kesi za ardhi, nafasi ambazo zilimwezesha mwenye tamaa kupanua shamba na kusomesha watoto. Wananchi waliliona hilo. Nyimbo za muthirigu zilizoenea mwaka 1929, hata serikali ikazipiga marufuku mwaka uliofuata, ziliwakejeli machifu hadharani. Katika nchi iliyokuwa na mapokeo ya kumwondoa mfalme, kejeli hiyo haikuwa ngeni.

5.0 Msitu na Hatimiliki

Tarehe 20 Oktoba 1952 hali ya hatari ilitangazwa. Siku mbili baadaye Chifu Mkuu Nderi, mwana wa Wang'ombe, aliuawa huko Nyeri alipokwenda kutawanya mkutano wa kula kiapo. Katika kifo hicho umaarufu wa kale wa nyumba moja ulikutana na gharama ya karatasi ya serikali.

Msituni nako karatasi ilikuwa suala la vita. Dedan Kimathi, mzaliwa wa Tetu, alisisitiza kumbukumbu za maandishi, akachukua cheo cha Field Marshal na kuongoza bunge la wapiganaji lililoundwa mwaka 1954. Stanley Mathenge, ambaye hakuwa na elimu ya shule, aliongoza wale waliotilia shaka utawala wa wenye kalamu. Mgogoro huo kwa kawaida huelezwa kama ushindani wa watu wawili. Ukisomwa kwa mwanga wa historia ya machifu, unaonekana kuwa swali zito: je, mamlaka mapya yatatokana na kusikilizwa, kama ya muthamaki wa kale, au yatatokana na cheo kilichoandikwa? Kimathi alikamatwa Oktoba 1956, akahukumiwa Nyeri na kunyongwa tarehe 18 Februari 1957.

Wakati huohuo, nje ya msitu, kazi nyingine iliendelea kimyakimya. Vipande vya ardhi vilikusanywa, vikapimwa na kuandikishwa kwa majina ya watu binafsi. Nyeri ilikuwa miongoni mwa wilaya za mbele katika kazi hiyo, na eneo la Chifu Muhoya lilitangulia. Watu wengi walikuwa kizuizini wakati mipaka ilipokuwa ikichorwa, na sheria ya mwaka 1959 ikaufanya uandikishaji wa kwanza usiweze kupingwa. Cheti cha utiifu kilichotolewa kwa walioiunga mkono serikali kilipoteza thamani uhuru ulipopatikana mwaka 1963. Hatimiliki haikuipoteza. Chifu wa leo ni mtumishi wa umma tu. Lakini mistari iliyochorwa wakati ule ndiyo msingi wa mipaka ambayo familia nyingi hugawana hadi sasa.

6.0 Fasihi Iliona Nini?

Ngũgĩ wa Thiong'o, ingawa alikuwa mtu wa Limuru na si wa Nyeri, ndiye aliyeipa dhamira hii umbo lililosomwa zaidi. Katika A Grain of Wheat (1967) Karanja ni chifu asiye na nyumba. Hana ardhi kubwa, hana mke, na uhuru unapokuja hana pa kusimama. Wahakiki wamemfanya kielelezo cha machifu wote, ilhali yeye ni kiti bila nyumba. Jacobo wa Weep Not, Child (1964) ni tofauti kabisa. Tatizo la kwanza baina yake na Ngotho si usaliti. Ni kwamba Ngotho anaishi kama muhoi katika ardhi ya Jacobo hata kabla Jacobo hajawa chifu. Boro anapomuua Jacobo, kiti kinakuwa wazi. Riwaya haisemi kwamba ardhi imemrudia Ngotho. Msomaji anayeishia kwenye hukumu ya msaliti hulipita jambo hilo.

Nyeri yenyewe ilimtoa Gakaara wa Wanjau, aliyezaliwa Tumutumu mwaka 1921 na kuendesha uchapaji wake Karatina. Shajara yake ya kizuizini, Mwandĩki wa Mau Mau Ithaamĩrio-inĩ (1983), ilipata Tuzo ya Noma mwaka 1984. Thamani yake kwa mjadala huu imo katika tendo la kuiandika. Katika muongo ambao karatasi ya serikali iliamua nani ni mtiifu na shamba ni la nani, mfungwa alijiwekea karatasi yake mwenyewe, kwa lugha yake. Nyumba za Gotha zilikuwa na kitabu chao na Wanabahani walikuwa na tarehe yao. Katika Nyeri, kitabu kilichodumu kiliandikwa na mtu ambaye hakuwa na kiti.

7.0 Hitimisho

Imeonekana kwamba machifu wa Nyeri hawakuwa watemi wala masultani, na kwamba kuwaita wafalme wadogo ni kurudia kosa la Boyes. Imeonekana pia kwamba kuwaita wasaliti pekee ni kuufunga uchunguzi mapema. Wajerumani walijua mwaka 1926 kwamba swali la kiti na swali la mali ni maswali mawili, wakapiga kura juu ya la pili. Kenya ilijibu la kwanza mwaka 1963. La pili lilikwisha kujibiwa na sheria ya mwaka 1959, na waliotoka kizuizini wakalikuta jibu limeandikwa. Kwa hiyo mwanafunzi wa fasihi ya Mlima Kenya hana budi kuyasoma madaftari ya ardhi sambamba na riwaya, na kila chifu anapouawa ukurasani aulize ni nani analilima shamba lake katika ukurasa unaofuata.