Miembe ya Babu na Sheria ya 1992

Ukitoka Mwanza mjini kwa barabara ya Musoma, ukaipita Kisesa, kuna mahali pana miembe mitano imesimama mstari mmoja katikati ya shamba la pamba. Mgeni atadhani imejiotea. La hasha! Ile aliipanda babu yangu mzaa baba, na penye pamba palikuwa na zizi lake.

Babu alihamishwa mwaka 1974. Novemba 1973 Mwalimu Nyerere alikuwa ametangaza kwamba kuishi vijijini si hiari tena bali amri, na kufikia mwisho wa 1976 kila mtu awe kijijini. Sisi Wasukuma tulizoea kukaa mbalimbali, kila mji na ng'ombe wake na minyaa yake. Basi lori likaja. Babu alisimulia kuwa paa liliezuliwa huku uji ungali jikoni. Siku moja nikamwuliza, "Babu, mbona hukwenda mahakamani?" Akacheka sana. "Ng'wanawane, Serikali utaishitaki kwa lipi? Ardhi si yake?"

Kumbe babu hakuwa mjinga. Tangu sheria ya Waingereza ya 1923 ardhi ya Tanganyika ilitamkwa kuwa ya umma, na mwenyeji alihesabiwa kama mtumiaji tu. Ni kweli ilikuwapo Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967, inayotaka mtu apewe taarifa na fidia. Lakini operesheni haikungoja makaratasi.

Wapo waliothubutu. Kule Kambi ya Simba, upande wa Karatu, Lohay Akonaay na mwanawe Joseph Lohay walinyang'anywa shamba enzi hizo hizo. Wakashitaki, na mwishoni mwa miaka ya 1980 mahakama ya hakimu mkazi Arusha ikawarudishia. Rufani ikiwa bado iko Mahakama Kuu, ikaja Sheria Namba 22 ya 1992. Hiyo, ndugu msomaji, si mchezo! Ilifuta haki za kimila katika vijiji vya operesheni, ikakataza fidia, ikazima kesi zilizokuwa mahakamani. Hata aliyekwisha kushinda akaambiwa hukumu yake haitatekelezwa. Na yote hayo wakati Tume ya Rais ya Profesa Issa Shivji, iliyoundwa 1991, ndiyo kwanza imetoka kuwasikiliza wananchi juu ya ardhi yao!

Baba na mwana hawakukata tamaa. Walikuwa na silaha ambayo babu hakuwa nayo mwaka 1974: haki za binadamu zilizoingizwa katika Katiba mwaka 1984, na kuanza kudaiwa mahakamani mwaka 1988. (Hapa kwetu Mwanza, Jaji James Mwalusanya alizitumia mwaka 1990 kumtetea mwanamke wa Kihaya aliyeuza shamba la ukoo.) Jaji Munuo wa Mahakama Kuu Arusha akawakubalia. Mwanasheria Mkuu akakata rufani. Mwishoni mwa 1994 Jaji Mkuu Francis Nyalali na wenzake wawili wakasema haki ya kimila ni mali, inalindwa na Ibara ya 24. Isingekuwa hivyo, alieleza Nyalali, wananchi walio wengi wangekuwa maskwota katika nchi yao wenyewe. Wala fidia si ya nyumba na miti tu. Jasho la kufyeka pori nalo lina thamani. Vifungu vya kunyima fidia na vya kufunga milango ya mahakama vikaanguka.

Nilipoisoma kesi hiyo babu alikuwa amekwisha kufariki. Hasira zikanipanda, nikadandia basi mpaka kwenye miembe, sijui nikamfanye nini nani. Nikamkuta mzee mmoja anapalilia. Nikajitambulisha. Akaweka jembe chini.

"Mjukuu wangu, hata mimi nililetwa na lori. Pale palipokuwa kwangu pamejengwa shule. Hapa kijiji ndicho kilinipa."

Nikanyamaza. Maana sheria ile ya 1992, eti, ilitungwa kwa ajili ya watu kama yeye, wasije wakang'olewa mara ya pili. Huyu nimshitaki kwa lipi?

Ulikuwa msimu wa maembe. Akaniangulia, akanijazia mfuko wa rambo mpaka juu, akasema haya ni ya nyumba yenu.

"Wabeja, guku," nikamwambia.