Funguo haramu za programu za kukinga virusi: Hatari zake na njia salama

KATIKA mji mdogo kama Nduguti, makao makuu ya Wilaya ya Mkalama iliyomegwa kutoka Iramba mkoani Singida mwaka 2012, kompyuta moja ya duka la steshenari huweza kuhudumia watu wengi kwa siku. Kila anayetaka kuchapa barua ya maombi ya kazi huchomeka flashi yake, na kirusi kilichomo huhamia kwa wanaomfuata.

Hali hiyo huwalazimu wamiliki kutafuta programu ya kukinga virusi. Wapo wanaokwepa gharama kwa kutumia funguo za leseni zinazosambazwa kinyume cha sheria kwenye intaneti.

Hatari ya kwanza ni kukatiwa huduma. Ufunguo mmoja unapotumika kwenye kompyuta nyingi kuliko leseni inavyoruhusu, kampuni iliyoutoa huweza kuubaini na kuufungia. Programu isiyopokea taarifa mpya ni sawa na mlinzi anayewajua wezi wa mwaka jana tu.

Hatari ya pili ni kubwa zaidi. Programu zinazodaiwa kutengeneza funguo hizo mara nyingi humtaka mtumiaji azime kwanza kinga iliyopo. Hapo mwenye nyumba humfungulia mwizi mlango kwa mkono wake.

Mwezi Juni 2021, kampuni ya Avast ilieleza kuhusu programu hasidi iitwayo Crackonosh, iliyofichwa ndani ya michezo ya kompyuta iliyovunjwa leseni. Ilifuta programu za kinga, ikazima uhuishaji wa Windows na kuitumia kompyuta kuchimba sarafu ya kidijitali ya Monero. Kompyuta zaidi ya 222,000 duniani ziliathirika, na wahalifu walijipatia zaidi ya dola milioni 2 za Marekani.

Aidha, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda programu za kompyuta nchini Tanzania, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inahusu pia ukiukaji wa haki hizo kwa kutumia kompyuta.

Njia salama zipo, tena bila malipo. Windows 10 na Windows 11 zina Microsoft Defender ndani yake, ingawa Microsoft ilihitimisha huduma ya kawaida kwa Windows 10 Oktoba 14, 2025. Avast na AVG nazo zina matoleo ya bure kwa matumizi binafsi. Mwenye biashara hana budi kusoma masharti kwanza.

Kila flashi ikaguliwe kabla ya kufunguliwa, na nakala za kazi muhimu zihifadhiwe kwenye kifaa kisichounganishwa na kompyuta wakati wote.

Aliyekwisha kutumia ufunguo haramu anashauriwa kuhifadhi nyaraka zake pekee, kusimika mfumo upya, kisha kubadili nywila za barua pepe na benki akitumia kompyuta nyingine iliyo salama.