Rita Dove

Rita Frances Dove (alizaliwa Akron, Ohio, 28 Agosti 1952) ni mshairi, mwandishi wa riwaya na tamthilia, na mwalimu wa uandishi wa kubuni katika Chuo Kikuu cha Virginia, Marekani. Mwaka 1987 alitunukiwa Tuzo ya Pulitzer ya ushairi, akawa Mmarekani Mweusi wa pili kuipata katika fani hiyo baada ya Gwendolyn Brooks aliyeipata 1950. Kuanzia 1993 hadi 1995 alikuwa Mshairi wa Taifa. Katika karibu kila diwani yake anawarudia watu ambao vitabu vya historia viliwapita au viliwataja kijuujuu, akawapa mawazo, hamu na aibu zao wenyewe.

Akron ulikuwa mji wa viwanda vya matairi. Babake, Ray Dove, alisomea kemia, lakini kampuni ya Goodyear ilimpa kazi ya kuendesha lifti huku Wazungu aliosoma nao wakiingia maabara. Miaka kadhaa ilipita kabla hajapandishwa na kuwa miongoni mwa wanakemia Weusi wa kwanza katika sekta hiyo. Nyumbani vitabu vilikuwa vingi, na watoto waliruhusiwa kusoma chochote. Rita alijifunza pia kupiga sello, na muziki haujawahi kutoka katika tungo zake.

Alihitimu Chuo Kikuu cha Miami kilichoko Ohio mwaka 1973, akaenda Tübingen, Ujerumani, kwa ufadhili wa Fulbright, kisha akapata shahada ya uzamili ya uandishi Chuo Kikuu cha Iowa mwaka 1977. Huko Iowa ndiko alikokutana na Fred Viebahn, mwandishi wa riwaya kutoka Ujerumani. Walioana mwaka 1979 na wana binti mmoja.

Diwani yake ya kwanza, The Yellow House on the Corner, ilitoka 1980. Ya pili, Museum (1983), ina shairi kuhusu mauaji ya Wahaiti yaliyoamriwa na dikteta Rafael Trujillo wa Jamhuri ya Dominika mwaka 1937. Sehemu ya kwanza inasikika kwa sauti ya wakata miwa. Ya pili inaingia ikulu, ndani ya kichwa cha dikteta anayemlilia mama yake aliyefariki. Mshairi mwingine angemchora Trujillo kama zimwi na kuishia hapo. Dove anamwonyesha kuwa ni mtu, na kwa sababu hiyo uovu wake unatisha zaidi.

Kitabu kilichompatia Pulitzer ni Thomas and Beulah (1986), kilichotokana na maisha ya babu na bibi yake mzaa mama. Nusu ya kwanza ni ya mume, nusu ya pili ni ya mke. Thomas anasafiri na rafiki yake Lem katika meli ya mto Mississippi. Siku moja, katika mzaha wa ujana, anamtuma Lem aogelee hadi kisiwani kuchuma njugu. Lem anazama, na Thomas anabaki na mandolini ya marehemu, chombo anachokibeba hadi Akron, hadi kwenye ndoa, hadi kwenye kazi yake katika kiwanda cha ndege za puto. Msomaji anapofika upande wa Beulah anategemea kukutana tena na Lem, lakini hamwoni. Mke ana ndoto zake za Paris, ana nguo za kufua na watoto wa kulea, na jeraha kuu la mumewe halionekani kabisa katika sehemu yake. Hakuna shairi hata moja linalosema kwamba watu wawili wanaweza kulala kitanda kimoja maisha yote bila kujuana. Mpangilio wa kitabu ndio unaolisema. Kwa maoni ya makala hii, Dove hajaandika kitabu kikubwa kuliko hiki.

Alianza kufundisha Chuo Kikuu cha Arizona State mwaka 1981, akahamia Virginia mwaka 1989. Alipoteuliwa kuwa Mshairi wa Taifa alikuwa na umri wa miaka 40 tu, mdogo kuliko wote waliomtangulia, na Mweusi wa kwanza, tangu cheo hicho kipewe jina hilo mwaka 1986. Cheo hicho wengi walikiona kama heshima ya kukaa nayo. Yeye alikifanya kazi. Aliwaleta watoto wa kabila la Crow kusoma mashairi yao katika Maktaba ya Bunge mjini Washington, na akapeleka ushairi kwenye televisheni, hata katika vipindi vya watoto.

Mother Love (1995) inatumia soneti kusimulia upya kisa cha Wagiriki wa kale cha mama aliyenyang'anywa binti. On the Bus with Rosa Parks (1999) inamkumbuka pia Claudette Colvin, msichana aliyekamatwa Montgomery mwaka 1955 kwa kukataa kuachia kiti cha basi, miezi kadhaa kabla ya Parks. Mwaka 1998 radi iliteketeza nyumba ya Dove. Katika kipindi cha kujijenga upya yeye na mumewe walianza kujifunza dansi, na dansi hiyo ikazaa American Smooth (2004). Sonata Mulattica (2009) inamfufua George Bridgetower, mpiga fidla mwenye asili ya Kiafrika aliyepiga sonata mpya pamoja na Beethoven mjini Vienna mwaka 1803. Wawili hao waligombana, na Beethoven akamtunukia kazi ile mpiga fidla mwingine, Kreutzer, ambaye ndiye anayetajwa hadi leo kila inapopigwa.

Alitunukiwa Nishani ya Taifa ya Taaluma za Utu mwaka 1996 na Nishani ya Taifa ya Sanaa ya mwaka 2011. Mwaka 2021 alichapisha Playlist for the Apocalypse, na wakati huo ndipo alipoeleza hadharani kwamba tangu 1997 anaishi na ugonjwa wa neva unaodhoofisha viungo.

Msomaji anayetaka kuanza naye aanze na Thomas and Beulah, na asirukeruke: mashairi ya kitabu hicho yanasomwa kwa mfuatano, kutoka la kwanza hadi la mwisho.