Kuvu wa Yuggoth

Kuvu wa Yuggoth, ambao kwa jina jingine huitwa Mi-Go, ni taifa la viumbe wenye akili walio wa jinsi ya uyoga, wasio na asili katika ardhi hii yetu, waliobuniwa na mtunzi wa Kimarekani H. P. Lovecraft (1890–1937) katika hadithi yake *The Whisperer in Darkness*, aliyoianza Februari 1930 na kuimaliza Septemba ya mwaka huo, ikapigwa chapa katika jarida la *Weird Tales* mwezi wa Agosti 1931.

Kimo chao hukaribia futi 5, rangi yao ni ya waridi iliyofifia, na mwili wao una gamba kama la kaa, pamoja na jozi kadha wa kadha za miguu yenye viungo na mbawa pana za utando mgongoni. Na pale ambapo kiumbe mwingine angekuwa na kichwa, wao wana kitu cha mviringo chenye mikunjo, kilichoota vipapasio vifupi visivyo idadi. Walakini msomaji asiwadhanie kuwa wadudu, kwani mwili wao wote ni kuvu, nao umeumbwa kwa maada iliyo ngeni kabisa kwa pande hizi za ulimwengu, hata kamera ya kawaida haiwezi kuwanasa. Lovecraft aliteua vema. Zama zile wanazuoni walikuwa bado wakiihesabu kuvu miongoni mwa mimea, wala hawakukubali kwa upana kuipa milki yake peke yake hadi baada ya Robert Whittaker kutoa mpango wake wa mwaka 1969. Naye mtunzi, bila ya kungoja hukumu yao, alikwisha kuhisi kwamba kitu kiotacho gizani, kisicho mnyama wala mti, ndicho kifaacho kubeba akili isiyofanana na yetu hata chembe.

Yuggoth yenyewe ni sayari iliyoko nyuma ya Neptuni, ukingoni mwa aila ya jua, nayo ina miji ya minara ya mawe meusi isiyo na madirisha, kwa kuwa nuru huwadhuru wenyeji wake, na mito ya lami ipitayo chini ya madaraja yaliyojengwa na umma uliokwisha kutoweka. Hapo si kwao asilia, bali ni kituo tu. Kwao ni mbali zaidi. Februari ile ile Lovecraft alipoanza kuandika, Clyde Tombaugh, akiwa Flagstaff katika jimbo la Arizona, aliivumbua Pluto, na habari zilipotangazwa mwezi wa Machi mtunzi akaiingiza sayari hiyo mpya katika hadithi yake kuwa ndiyo Yuggoth. Kadhalika aliyashika mafuriko ya kweli yaliyoikumba Vermont mwezi wa Novemba 1927, akasimulia kwamba wanavijiji waliona maiti za ajabu zikielea mitoni. Maana Kuvu hao huja katika vilima vya jimbo hilo kuchimba madini wasiyoyapata kwao.

Lililo kubwa katika habari zao, na ambalo wasimulizi wengi hulipita haraka, ni namna wanavyowatendea wanadamu. Henry Akeley, msomi aishiye peke yake shambani, humwandikia mwalimu Wilmarth barua za hofu: mbwa wake wanauawa usiku, na nyayo zisizo za mnyama yeyote zinaizunguka nyumba. Ghafla inafika barua iliyopigwa taipu, yenye utulivu na ukarimu, isemayo kwamba wageni wale ni watu wa amani watafutao maarifa, na kumsihi Wilmarth aje, tena asisahau kuzichukua barua zote na picha zote. Wilmarth anafika, na katika chumba chenye kiza anaoneshwa mitungi ya madini yenye urefu wa futi moja hivi, ambamo umetiwa ubongo wa watu walio hai. Ubongo ukiunganishwa na vyombo vitatu, hupata kuona, kusikia na kunena, na mmoja wao anamweleza kwa adabu kwamba amekwisha kuzuru mianga 37 ya mbinguni, na kwamba mwili wake umehifadhiwa salama chini ya kilima kilicho karibu.

Hapa ndipo mtunzi alipowapita wengi wa zama zake, waliozoea kumleta mgeni wa mbinguni akiwa na moto na panga. Kuvu wa Yuggoth huja na mwaliko, na wanachokiahidi ndicho hasa ambacho mwanachuoni hukitamani usiku na mchana, yaani kuziona nyota kwa karibu. Thamani inayotakiwa ni mwili, na aliyekwisha kuutoa hana tena mkono wa kujitetea. Wilmarth anatoroka usiku, baada ya kukuta juu ya kiti alichokuwa amekalia mwenyeji wake uso na mikono miwili ya Akeley, vitu vilivyovaliwa na mwingine aliyekuwa akinong'ona badala yake.

Kuvu hao wametajwa tena katika *At the Mountains of Madness* (1936), ambamo husimuliwa vita vyao vya kale na wakazi wa kwanza wa dunia. Ama Pluto, mwaka 2006 iliondolewa katika hesabu ya sayari kubwa, na Julai 2015 chombo cha New Horizons kiliipita kwa karibu, kikapiga picha za milima ya barafu na nyanda za naitrojeni iliyoganda. Na eneo moja jeusi lililoonekana huko wanafalaki waliliita kwa muda Cthulhu, jina walilolitoa katika hadithi za Lovecraft.